Zubeiri na Moto wa Vyungu

Mume wangu Zubeiri alikuwa mtu wa kutazama. Wako watu wa kusema, wako watu wa kula. Yeye Mungu alimpa macho kwa pishi, na mengine yote akampimia kwa kijiko. Ukimtuma dukani mafuta ya taa, utamkuta bado kasimama njiani na chupa tupu mkononi, anamtazama mshona viatu anavyopitisha uzi. Wakati wa posa mama yangu alinionya: "Mwanamkasi, huyu bwana si mlevi wala si mgomvi, lakini yupo na hayupo." Nikamjibu kwamba nitamzoea. Sikumzoea, ila nilimpenda, na hayo ni mambo mawili mbalimbali.

Tulikaa Nguvumali, mjini Tanga, nyumba ya udongo na makuti, na ua nyuma. Kazi yake ilikuwa Ngamiani, katika duka la picha la Bwana Ernesti, Mgoa mnene mwenye sauti nyembamba. Zubeiri alianza kwa kufagia, akapanda akawa mwosha picha katika kile chumba cheusi chenye taa nyekundu. Siku moja alinipeleka nikaone. Karatasi nyeupe pe ililala ndani ya maji, kisha pole pole ukatokea ukucha, ukatokea utaji, ukatokea uso wa bibi arusi nisiyemjua, ananitazama kutoka chini ya maji. Niliogopa nikamshika mkono. Yeye alikuwa anatabasamu kama mtu aliye usingizini. Nadhani maisha yake yote aliyaishi ndani ya chumba kile, hata alipokuwa juani.

Mwaka 1952 Bwana Ernesti alipata kamera ya sinema kutoka kwa daktari mmoja wa mashamba ya mkonge aliyekuwa anarudi kwao. Kilikuwa kikasha cha chuma, kizito, kinachotiwa ufunguo ubavuni kama saa ya ukutani. Bwana Ernesti alitaka atengeneze sinema ya kazi za mikono na mapishi ya watu wa pwani, aionyeshe katika kumbi na shule, na jina lake liandikwe juu kwa herufi kubwa. Lakini jua lilikuwa halimpendi, na mbu walikuwa wanampenda mno. Basi kamera akapewa Zubeiri.

Ah, siku zile! Alikwenda Ushongo akawapiga picha wanawake wanaopasua samaki na kuwaanika wakawa ng'onda. Akarudi ananuka chumvi, hata mto aliolalia ukanuka. Alikwenda kwa wapika chumvi, akakaa nao katika mvuke mpaka nyusi zikamgeuka nyeupe. Alimkalisha shangazi yangu barazani kutwa nzima anasuka ukili wa mkeka, miyaa ya zambarau na ya manjano ikipishana, mpaka shangazi akauliza kama huyu mwanamume hana kwao. Alipiga bada, ule ugali wa muhogo, ikisongwa na tui likikamuliwa. Filamu zilipelekwa Nairobi kuoshwa, na zikirudi tulizitazama ukutani nyuma ya duka, bila sauti yoyote ila ya mashine. Mikono mikubwa ya shangazi ikawa inatembea juu ya chokaa, inapanda na kushuka, na sisi tumekaa gizani tumenyamaza kama walio ndani ya ndoto ya mtu mwingine.

"Mwanamkasi," aliniambia, "ukitazama mikono peke yake bila uso, utaona inaota."

"Ya kwangu haioti," nikamwambia. "Yafua shuka zako."

Kitu kimoja kilikosekana. Bwana Ernesti alikuwa akimsumbua kila asubuhi: "Zubeiri, sinema ya mapishi bila chungu? Chungu chatoka wapi, mbinguni?" Na Zubeiri alijua chungu kinatoka wapi kuliko mtu yeyote pale Tanga. Mama yake, Bi Mwamvua, alikuwa mfinyanzi wa Mwera, upande wa Pangani. Vyungu vyake vilimlisha Zubeiri, vikamvisha, vikampeleka chuoni kusoma Kurani. Lakini hakuwa amemwona mama yake akifinyanga hata siku moja.

Kwao Mwera ufinyanzi ni kazi ya wanawake, na mwiko wake haukuwa wa mchezo. Mwanamume hakanyagi panapochimbwa udongo, hapiti panapofinyangwa, wala hauoni moto wa kuchomea. Akiuona, vyungu hupasuka. Mtoto wa kiume akishajua kujifunga shuka mwenyewe, hufukuzwa bondeni na harudi tena. Zubeiri alikuwa anakumbuka moshi tu, nyuma ya mihogo, na mama yake akirudi jioni na mikono myekundu mpaka viwikoni.

"Mama ana nyumba nyingine kule bondeni," aliniambia siku moja, "nami sijakaribishwa."

Alisema kwa sauti ya mtoto. Mimi ni mwepesi wa kucheka, lakini siku hiyo sikucheka. Nilifahamu kwamba sinema ya Bwana Ernesti ilikuwa kisingizio. Mume wangu alitaka kumwona mama yake.

Basi mwaka uliofuata, wakati wa kaskazi, jua likiwa kali na udongo unakauka vizuri, tukaenda Mwera. Zubeiri hakungoja hata tunywe maji.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibu."

"Mama, naomba nikupige picha unavyofinyanga."

Bi Mwamvua alimtazama. Alikuwa mwanamke mfupi, mkavu, mwenye mabega kama ya mchukuzi. "Wataka vyungu vya watu vipasuke?"

"Nitasimama mbali."

"Jicho halina mbali," akasema. "Kaa hapa ungoje chakula. Umekonda. Huyo mkeo hakupi kula?"

Nami nipo pale pale, nimekaa, nasikia! Nikameza mate, maana mama mkwe hajibiwi siku ya kwanza.

Siku tatu nne zilipita. Kila alfajiri Bi Mwamvua alishuka bondeni, na kabla ya adhuhuri alikuwa keshapanda mbio kuja jikoni, jasho linamtiririka, kumpikia mwanawe. Ikafika siku ya kuchoma. Mimi ni mwanamke na ni mke wa nyumba ile, kwa hiyo nilitwikwa kuni nikafuatana nao. Zubeiri alibaki barazani, au ndivyo nilivyodhani.

Pale bondeni vyungu vilipangwa vimeinamishwa, mdomo chini, vimelaliana. Wakavifunika kwa makumbi ya nazi na mavi makavu ya ng'ombe na nyasi. Moto wenyewe haukuwa na ndimi kubwa; ulikuwa unapumua tu. Hewa juu yake ikawa inatikisika, na wanawake waliokuwa upande wa pili wakaonekana wanayeyuka na kurudi, wanayeyuka na kurudi. Walikuwa wanaimba kwa chini, wimbo usio na mwanzo, kila mmoja akiuchukua pale mwenzake alipouacha. Usingizi ulinijia nimesimama. Kama ningeambiwa nife siku ile, ningeomba iwe pale.

Bi Mastura, mkubwa wa wafinyanzi, ndiye aliyeinua kichwa. "Nini kile chametameta kule juu?"

Juu ya kilima, katikati ya minazi, kitu kiliwaka kikazimika. Mimi nilijua kabla ya mtu yeyote. Bwana wangu alikuwa amefunga kile kioo kirefu cha kuvuta vitu vya mbali, akahesabu moyoni kwamba mguu wake haukukanyaga bondeni, wala kivuli chake hakikufika, basi hayupo. Ndiyo akili za watu wa kamera. Hudhani aliye nyuma ya kioo hayupo duniani.

Kabla hajajibiwa mtu, motoni kukasikika: pa! Kisha tena, pa! na tena. Wimbo ukakatika. Bi Mastura akavua khanga yake ya juu akaitandaza mikononi kuukinga moto, kana kwamba moto ulikuwa mtu aliyekutwa anaoga.

Zubeiri alishuka mwenyewe. Alisimama mwisho wa mihogo, akatugeuzia mgongo. Wanawake walimpigia kelele ambazo siwezi kuziandika. Majivu yalipofukuliwa, vyungu vilivyopasuka vilikuwa vichache vya wanawake wengine, na vingi, karibu vyote alivyoweka, vya Bi Mwamvua. Nani angetaka ushahidi zaidi ya huo? Jicho lilikuwa la mwanawe, na hasara imemwangukia mama.

"Mwamvua," akasema Bi Mastura, "huyo wako."

Zubeiri, mgongo bado umetugeukia, akaifungua kamera juani. Akautoa mkanda akauvuta wote, dhiraa kwa dhiraa, ukamwangukia miguuni kama utumbo wa samaki. "Basi," akasema. "Jua limeshaula. Hakuna kilichobaki."

Lakini vyungu havikurudi. Wanawake wakakata shauri kwamba Bi Mwamvua atachoma peke yake mpaka masika ipite. Mfinyanzi kuchoma peke yake ni kama mtu kusali Idi peke yake. Sala inakubaliwa labda, ila haina uso wa kupeana mkono. Bi Mwamvua aliokota vigae vyake kimoja kimoja akavitia kapuni. Sisi tukaondoka saa ile ile, kwa aibu, hatukuaga.

Sikusema naye mpaka kivuko cha Pangani. Hapo akaniambia, macho yako majini, "Nimevunja vyungu vya mama."

"Umevunja," nikamwambia. Nilikuwa na hasira naye, na hasira yangu haijui kusubiri.

Baada ya hapo Zubeiri alikuwa haingii uani kwa mama yake. Hakuacha kwenda, kila akipata nafasi alikwenda, na sukari, na kitambaa, na kitoweo. Lakini aliishia barazani, penye wapita njia na majirani. Kule nyuma, penye meko na vyungu, hakutia mguu tena. Mama yake akimwambia karibu ndani, chakula tayari, alijibu, "Nimeshiba, mama." Mwanamume ametoka Tanga alfajiri juu ya gunia za chumvi, tumbo limegusana na mgongo, anasema ameshiba! Bi Mwamvua alikuwa anakonda kwa neno lile. Nami nilikuwa namwona anavyokonda, na yeye Zubeiri, bingwa wa kutazama, alikuwa haoni.

Masika ikapita, wenzake wakamrudisha Bi Mwamvua kwenye moto. Kaskazi iliporudi, mchuuzi mmoja wa nazi alituletea salamu Nguvumali: "Bi Mwamvua asema, mkaza mwana aende na kile kisanduku. Yeye peke yake."

Zubeiri akaanza kunifundisha, pale pale uani, kwa kuwapiga picha kuku. Alinionyesha kutia ufunguo, kupima jua kwa kivuli cha kiganja, kuibana pumzi. Nikawa namkimbilia jogoo na kamera, naye akanishika bega. "Usikifukuze kitu, Mwanamkasi. Kingoje. Kitakuja." Niseme kweli, hakuwahi kusema nami kwa upole kama wiki ile, na mimi nilijifanya mgumu wa kuelewa ili isiishe upesi.

Mwera walinikalisha katikati kama mshitakiwa. Bi Mastura ndiye aliyehoji.

"Hiyo picha yenda wapi?"

"Nairobi, bibi. Kuoshwa."

"Waoshaji ni wanawake au wanaume?"

Nilijua kwamba nikikosea hapo, safari imekwisha. "Ni wanaume, bibi. Lakini huosha gizani. Taa ikiwaka, yaharibika yote."

"Gizani kabisa?"

"Hata mikono yao wenyewe hawaioni."

Wakatazamana, wakanong'ona kwa Kizigua. Mwisho Bi Mastura akaitikia kwa kichwa. Kama ni gizani, basi ni kama haikuonwa. Kisha akasema Bi Mwamvua, na alisema kwa sauti ili wote wawe mashahidi: "Mwanamume asiitazame maadamu mikono yangu imo udongoni. Siku nitakayonawa kabisa, ataitazama mwanangu. Na wewe mkaza mwanangu, yaliyo bondeni hubaki bondeni. Mumeo asiyasikie kinywani mwako."

Nikaapa.

Nilikaa nao mpaka wakamaliza. Nilimpiga picha Bi Mwamvua akiutwanga udongo na kuuchekecha na kuukanda kwa kisigino. Nilimpiga alipoanza kuinua chungu. Hakuwa na gurudumu. Aliweka tope chini, akainama, akaanza kulizunguka kinyumenyume, mkono mmoja ndani na mmoja nje, miguu inarudi nyuma bila kutazama inakokwenda. Anazunguka, anazunguka, na ukimtazama sana unaona yeye amesimama na chungu ndicho kinachozunguka, kisha dunia yote, bonde na mihogo na wewe mwenyewe. Alikisugua kwa gunzi, kisha kwa kipande cha kifuu, kisha kwa kijiwe laini alichoachiwa na mama yake. Nilibana pumzi kama nilivyofundishwa. Machozi yalikuwa yananitoka, sijui kwa nini, ila nilikuwa namwonea uchungu mtu ambaye hakuwapo.

Siku ya kuchoma hapakuwa na mwanamume hata wa dawa. Bi Mastura alikuwa ameweka wasichana juu ya kilima walinde. Moto ukapumua, wimbo ukaimbwa. Na motoni kukasikika: pa!

Hakuna aliyeshituka. Majivu yalipofukuliwa, vyungu vitatu vilikuwa vimepasuka, na kimoja kilikuwa cha Bi Mastura mwenyewe. Alisonya tu, akakitupa pembeni. Mimi kwa heshima nikaishusha kamera.

"Mbona waishusha?" akauliza Bi Mwamvua. "Piga na hiki."

Alichukua chungu kimoja kilichopasuka, kilichokuwa chake, akakiinua mbele ya kioo. Akaupitisha ukucha juu ya ufa, kutoka mdomoni mpaka kitakoni, taratibu, kama mtu anayemfundisha mtoto alifu. Kisha akainua macho akatazama ndani ya kioo mpaka ufunguo ukaisha.

Hapo nikafahamu kwamba ufa ule ulikuwa salamu, na zilikuwa zinakwenda kwa nani. Na kinywa changu kilikuwa kimefungwa.

Enyi mnaosoma, msijaribu kukaa na siri ya namna ile chini ya paa moja na mtu mnayempenda. Mkanda ulirudi kutoka Nairobi katika kopo lake la bati. Bwana Ernesti aliudai. Zubeiri akamwambia, "Sina ruhusa." Bwana Ernesti alipiga kelele mpaka sauti yake ikawa haisikiki tena, akamnyang'anya kamera, akaenda mwenyewe kupiga picha, akarudi na homa, akamrudishia. Sinema ikaonyeshwa bila kipande kile. Watu waliona bada na ng'onda na ukili, na vyungu vimekaa motoni tu, havikuzaliwa na mtu. Watu walipiga makofi hata hivyo.

Kopo lilikaa chini ya kitanda chetu. Mara kwa mara Zubeiri alilitoa akalifuta vumbi, akalirudisha. Aliendelea kwenda Mwera, aliendelea kuishia barazani, aliendelea kushiba. Nami nilikuwa naujua ufa ule, kila nikimtazama nauona, na kiapo kimenifunga. Siku moja nikashindwa, nikamjaribu.

"Litazame basi. Nani atajua?"

"Nilishatazama mara moja," akasema, akalisukuma chini ya kitanda.

Mwaka 1958 baridi yabisi ilimshika Bi Mwamvua mikononi. Vidole vilijikunja havikukunjuka. Tulimleta Nguvumali, tukampa chumba cha mbele, akawa anashinda uani kwangu akinikosoa ninavyokuna nazi. Yeye na mwanawe walikuwa wanasalimiana kwa adabu sana, kama wageni waliokutana msikitini. Naapa ningewagonganisha vichwa.

Asubuhi moja baada ya chai aliomba maji na sabuni. Nikamletea. Alinawa, akanawa, mpaka viwikoni, kucha kwa kucha, muda mrefu kuliko wudhu wa mtu yeyote. Akaniambia nimmwagie tena. Kisha akaitazama mikono yake juani.

"Leo nimenawa," akasema. "Mwambie mwanangu atazame."

Tulikwenda Jumapili. Bwana Ernesti alitukabidhi ufunguo wa duka akaenda zake kanisani. Kile chumba cha nyuma kilikuwa giza mchana, kinanuka dawa za picha. Tulimkalisha Bi Mwamvua kwenye kiti cha mabibi arusi, kile chenye maua. Zubeiri alipopitisha mkanda katika mashine, alikosea, akaanza upya. Kisha taa ikawaka ukutani.

Akamwona. Mama yake alikuwa anatwanga udongo, na jua la miaka minne nyuma limemkalia mabegani. Mashine ililia peke yake. Bi Mwamvua alisema, "Ee, ule mgongo ni wangu?" Ukutani alianza kuzunguka kinyumenyume, na chungu kikapanda chini ya mikono yake kama kinachoota shina, na Zubeiri akasogea mbele, akasogea, mpaka mwanga wa picha ukamwangukia usoni. Alikuwa na umri wa miaka thelathini na ushei. Mdomo wake ulikuwa wazi. Nilidhani atauingia ukuta.

Kisha moto. Kisha majivu. Kisha Bi Mwamvua akainua kile chungu na kuupitisha ukucha juu ya ufa, akatutazama.

Zubeiri hakugeuka. "Mama, siku hiyo palikuwa na mwanamume?"

"Hapakuwa. Muulize mkeo."

"Hapakuwa," nikasema. Miaka minne nilikuwa nimelingoja neno lile, na likatoka kama kikohozi.

"Na vimepasuka."

"Vitatu. Chungu ni udongo, mwanangu. Hupasuka."

Akauliza, kwa sauti ndogo sana, "Na vile vya mwaka ule?"

Bi Mwamvua aliitazama mikono yake. "Vile vilikuwa na kokoto. Udongo ule sikuutwanga ukatwangika, wala sikuuchekecha. Nilijua tangu naviweka motoni."

"Ulijua?"

"Nilijua. Wenzangu wakasema ni jicho lako, nikanyamaza. Sikutaka Mastura aseme Mwamvua amelipua kazi. Nikakuachia wewe uubebe mzigo."

Damu ilinipanda kichwani. Miaka mitano! Nilifungua kinywa nimwambie la kumwambia, mama mkwe au si mama mkwe. Lakini alikuwa bado anasema, na hakuwa anasema nami.

"Nilikuwa kila siku nataka nikwambie. Nawe wakaa barazani penye watu, waniambia umeshiba. Nikaona nikuletee uone mwenyewe, maana wewe ni mtu wa kuona."

"Lakini mama, wewe hujawahi kulipua kazi. Kwa nini siku ile?"

"Ulikuwa umekuja nyumbani," akasema Bi Mwamvua. "Nilikuwa na haraka nipande nikupikie. Siku ile ya moto nilikuwa nimekuachia kisamvu cha nazi na ng'onda. Niliporudi nilikikuta kimepoa, nanyi mmekwenda."

Zubeiri alilia. Alilia kwa sauti, akapiga magoti sakafuni, na mama yake akamvuta kichwa akakilaza mapajani, na kwa kuwa vidole havikukunjuka, akawa anampapasa kwa mgongo wa mkono. Mkanda ulikuwa umekwisha zamani. Ncha yake ikawa inapigapiga kwenye mashine na ukutani pamebaki mwanga mtupu, na hakuna aliyeinuka kuuzima.